Makaburi ya Kisale, Vigae vya Kivu

Kuchimba Goma ni kazi ya kuvunja mgongo. Anayetaka shimo la choo Ndosho au Majengo hana haja ya jembe. Atatafuta mtarimbo, nyundo nzito na vijana wawili watatu, na watashinda hapo siku nyingi wakitoa jiwe moja moja. Mawe yenyewe hayapotei: yanakuwa msingi wa nyumba, yanakuwa uzio, yanapondwa kandokando ya barabara yauzwe kama kokoto. Nyiragongo ililipuka Januari 1977, ikalipuka tena Januari 2002 na kupitisha lava katikati ya mji mpaka ziwani, kisha Mei 2021 lava ikaishia kwenye viunga vya kaskazini. Chini ya mawe hayo kuna mji wa jana, na chini ya mji wa jana kuna mawe mengine.

Mwanaakiolojia haipendi ardhi ya namna hii. Yeye anataka udongo unaokatika taratibu kwa mwiko wa mwashi, udongo uliotulia tabaka juu ya tabaka, ili cha chini kiwe cha zamani kuliko cha juu. Kivu inao udongo huo pia, kwenye vilima ambavyo lava haikuvifikia. Ndiko alikopita miaka ya 1950 Jean Hiernaux, daktari na mwanaanthropolojia Mbelgiji, pamoja na mwenzake Emma Maquet. Walifanya kazi katika Ruanda-Urundi ya wakati ule, na upande wa Kivu wakachunguza Tshamfu na Bishange. Ripoti zao zilitoka mwaka 1957 na 1960. Si vitabu vinene, lakini mpaka leo anayeandika habari za wahunzi wa kale wa Kivu hana njia ya kuvikwepa.

Walichokikuta ni vigae. Kitako cha chungu kina kishimo, mfinyanzi amekibonyeza udongo ukiwa bado mbichi. Ukingo wa mdomo umekatwa pande pande. Shingoni na mabegani imepita mistari sambamba iliyochorwa kwa mkono usiotetemeka. Vyungu hivyo hivyo vilikuwa vimekwisha kuelezwa Kenya mwaka 1948 na Mary Leakey, Shemasi Mkuu Walter Owen na Louis Leakey, kutoka Urewe, upande wa Nyanza, na jina la Urewe likavishika vyote, kuanzia Ziwa Viktoria hadi Kivu. Waliovitumia walikuwa wakulima na wayeyushaji wa chuma. Tanuri zao zilijengwa kwa matofali ya udongo, mengine yamepambwa, jambo linaloonyesha kwamba kuyeyusha chuma hakukuwa kazi ya kukwaruza riziki tu; kulikuwa na heshima yake.

Desturi ya Urewe ilidumu zaidi ya miaka 1,000. Halafu, katika karne ya 7 na ya 8, inafifia. Kwenye matabaka ya juu vinaingia vyungu vya sura nyingine, vimepambwa kwa kuviringisha kamba iliyosokotwa juu ya udongo mbichi, alama zake zikijirudia kuzunguka bega lote la chungu. Mtu wa Maziwa Makuu hahitaji kwenda makumbusho kuiona mbinu hiyo, kwa maana wafinyanzi wa Kitwa wameendelea kuviringisha kamba zao hadi nyakati zetu. Mkulima wa Masisi anayefukua kigae chenye alama za kamba ameshika ushahidi wa upande wa pili wa mabadiliko hayo. Je, walikuja watu wapya? Walikuja wafugaji? Au mabinti wa watu wale wale walijifunza ufundi mwingine? Majibu yanatafutwa ndani ya karne chache tu, na ni karne zile zile ambazo vitabu vya shule vinaziita mwanzo wa Zama za Kati.

Mwanafunzi wa sekondari anayesoma historia kwa mpangilio uliotoka Ulaya anajua kwamba Zama za Kati zilianza mwaka 476, Roma ilipoanguka. Anajua Clovis, anajua Charlemagne. Huenda hajui kwamba sehemu kubwa ya habari za enzi hiyo haikutoka kwenye maandishi bali kwenye makaburi. Mwaka 1653, mafundi waliokuwa wakichimba msingi mjini Tournai, katika Ubelgiji ya leo, waliangukia kaburi la Childeric, baba yake Clovis, aliyekufa karibu na mwaka 481. Mlikuwa na pete yenye jina lake, upanga, na nyuki wa dhahabu wanaokaribia 300. Miaka miwili baadaye daktari Jean-Jacques Chifflet alichapisha kitabu kilichoeleza vitu hivyo kimoja kimoja, pamoja na michoro. Ilikuwa bahati, maana mwaka 1831 wezi waliingia maktaba ya kifalme mjini Paris wakabeba hazina hiyo, na sehemu kubwa ikayeyushwa. Kilichobaki kwa wasomi ni kitabu cha Chifflet.

Kwa wasomi wa enzi hiyo ya Ulaya ndiko alikotoka mmoja wa watu walioigeuza historia ya Kongo. Jan Vansina, aliyezaliwa Antwerp mwaka 1929, alisomea historia ya Zama za Kati huko Leuven. Mwaka 1953 akiwa katika utumishi wa IRSAC, taasisi ya utafiti wa sayansi ya Kongo ya kikoloni, alifika kwa Wakuba wa Kasai. Aliposikia wazee wakighani, akatambua kwamba mashairi yao hayakuwa tofauti sana na maombolezo ya Kilatini aliyokuwa akiyachambua chuoni: yalirithishwa kwa mdomo, yalikuwa na kanuni, na yaliweza kupimwa kama ushahidi. Kitabu chake kuhusu mapokeo simulizi kilitoka mwaka 1961 na kikafungua mlango. Lakini masimulizi yana mpaka wake. Yakirudi nyuma miaka 400 au 500 yanaanza kuchanganya mtu na zimwi. Zaidi ya hapo, lazima mtu apige magoti ashike mwiko.

Aliyepiga magoti kwa ajili ya karne za mwanzo wa Zama za Kati alikuwa Jacques Nenquin, wa makumbusho ya Afrika ya Tervuren, Ubelgiji, msomi wa historia ya kale ya Ulaya aliyeandika pia kitabu kizima juu ya uchumi wa chumvi. Mwaka 1957 alifika Sanga, kijiji kilicho kando ya Ziwa Kisale, katika bonde la Upemba, Katanga ya kaskazini. Mto Lualaba hapo unajitandaza, unageuka maziwa na vinamasi vya mafunjo, hata visiwa vinaelea. Nchi kavu ni haba, na watu waliijaza tangu zamani: walio hai juu, wafu chini. Nenquin alifukua makaburi yenye vyungu vya ustadi wa kushangaza, bangili, mikufu na waya za shaba. Makaa yaliyopimwa kwa kaboni 14 yakaelekeza kwenye karne ya 8 na ya 9. Waliozikwa Sanga walikuwa wa rika moja na Charlemagne.

Hiernaux, yule wa Kivu, alichimba hapo mwaka 1958. Uhuru ukafika 1960, Katanga ikajitenga, bunduki zikalia, na wafu wa Kisale wakapumzishwa tena kwa miaka kumi na tano hivi.

Mtu aliyekuja kuwafanya kuwa kazi ya maisha yake ni Pierre de Maret, wa Chuo Kikuu Huru cha Brussels. Mwaka 1974 alichimba Sanga na Katongo. Mwaka 1975 akapanda na kushuka bonde, akachimba Kamilamba, Kikulu na Malemba-Nkulu. Misimu miwili. Ukijumlisha kazi za waliomtangulia na zake, takriban makaburi 300 yamefukuliwa katika bonde hilo, na kutoka humo de Maret alipanga ngazi ya nyakati ambayo Afrika ya Kati haikuwa nayo: Wakamilamba wa karne ya 6 hadi ya 8, Wakisale wa kale kuanzia karne ya 8, Wakisale wa enzi ya fahari kati ya karne ya 10 na ya 13, Wakabamba wa karne ya 14 hadi ya 18, na mwishoni Waluba tunaowajua. Majina hayo ni ya wanaakiolojia. Wafu wenyewe hatujui walijiitaje. Tasnifu yake ya udaktari, mwaka 1978, ilihusu mpangilio huo wa nyakati.

Inafaa kusimama kidogo kando ya kaburi moja na kuangalia kazi inavyokwenda. Kwanza vinapigwa vigingi na kuvutwa kamba, ili kila kitakachotoka kiwe na mahali pake kwenye ramani. Udongo wa juu unaondolewa kwa koleo. Kisha mtu anatafuta rangi: shimo lililowahi kuchimbwa na kufukiwa halirudi kuwa na rangi ya udongo wa pembeni, hata baada ya miaka 1,000. Kivuli hicho kikionekana, koleo linawekwa kando, sasa ni mwiko, brashi na kijiti. Mabega ya vyungu ndiyo yanayochomoza mapema. Hakuna kinachoinuliwa mpaka kichorwe kwa vipimo, kipigwe picha na kupewa namba. Mifupa, ambayo ndiyo iliyoleta shughuli yote, inatolewa mwisho.

Na vyungu vinasema. Katika makaburi ya Wakisale wa enzi ya fahari, vingi havina dalili ya kupikiwa wala masizi: vilifinyangwa kwa ajili ya maziko. Ukubwa wake unafuata umri wa marehemu, mtoto akizikwa na vyungu vidogo, mtu mzima na vikubwa. Fikiria mfinyanzi aliyekaa na udongo wake huku msiba uko ndani, akipunguza kipimo kwa kuwa aliyefariki ni mtoto. Yamo pia majiko madogo ya udongo, yenye vishikio vya kuwekea sufuria, ya aina inayowafaa wavuvi wanaopika ndani ya mtumbwi. Mama wa Goma angeyatambua mara moja: ni mbabula, isipokuwa hii ni ya udongo na ina miaka 1,000.

Baadhi ya watoto walizikwa na mali kuliko watu wazima. Mtoto hajapata muda wa kujitafutia utajiri wala sifa, kwa hiyo mali iliyo kaburini mwake ni ya ukoo. Kwa hoja hiyo moja, iliyotoka kwenye udongo bila msaada wa hati yoyote, wanaakiolojia wanasema kwamba katika bonde la Upemba vyeo vilikwisha kuanza kurithiwa, na jamii ilikuwa na wakubwa na wadogo, karne nyingi kabla ya ufalme wa Waluba kutajwa na mgeni yeyote.

Kamilamba ilitoa kaburi zito zaidi. Mtu aliyezikwa humo, kati ya karne ya 8 na ya 10, aliwekewa shoka la heshima, mpini wake umepigiliwa misumari ya chuma, na kando yake fuawe ya mhunzi. Shoka la vita au la kukatia kuni halipambwi hivyo. Mashoka ya namna hiyo yaliendelea kuwa alama ya watawala wa Kiluba hadi karne ya 20, na fuawe ina nafasi katika kutawazwa kwa mfalme. De Maret, aliyeandika mwaka 1980 utafiti mzima juu ya nafasi ya mhunzi Afrika ya Kati, alishikilia kwamba hapo tunamwona kiongozi aliyeshika mamlaka kwa alama zile zile, miaka 1,000 nyuma. Wapo watakaosema alama inaweza kudumu na maana yake ikabadilika, na ni tahadhari nzuri. Ila ni vigumu kuamini kwamba shoka na fuawe vilikutana kwa bahati mbaya kaburini Kamilamba.

Jirani zetu wana mfano wao. Mwaka 1969 Francis Van Noten alifukua huko Gaseke, Rwanda, kaburi la mwami Cyirima Rujugira, mtawala wa karne ya 18 ambaye mwili wake ulikaushwa na kuhifadhiwa vizazi na vizazi kabla ya kuzikwa katika miaka ya 1930. Humo pia mlikuwa na nyundo za chuma za mhunzi. Kati ya Kisale na Gaseke kuna milima, misitu na Ziwa Tanganyika, na bado mfalme anazikwa na vyombo vya karakana.

Kitu kingine kilichotoka Upemba kinaelekea mashariki kabisa: simbi. Kombe hizo za Bahari ya Hindi zinaanza kuonekana kwenye makaburi ya Wakisale wa enzi ya fahari, chache, mkononi mwa wachache. Kutoka Kisale hadi pwani ni zaidi ya kilomita 1,400 kwa njia ya ndege, na simbi haikupanda ndege. Ilipita mikono mingi, kila mkono ukichukua faida yake. Upande wa pili wa safari hiyo, katika miaka hiyo hiyo, Waswahili wa kwanza walikuwa wakijenga. Mark Horton, aliyechimba Shanga kwenye kisiwa cha Pate kati ya 1980 na 1988, alikuta chini ya msikiti wa mawe mfululizo wa misikiti midogo zaidi, ya chini kabisa ikiwa ya miti, ya karne ya 8. Naye Felix Chami, Mtanzania, katika tasnifu aliyoitoa Uppsala mwaka 1994, alifuata vigae vyenye mapambo ya pembetatu kando ya pwani ya Tanzania na kuwatetea wenyeji wakulima na wahunzi kuwa ndio chimbuko la miji hiyo. Kabla yake, simulizi iliyotawala ilimpa mgeni kutoka ng'ambo karibu kila sifa.

Chami hakutokea hewani. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianzisha kitengo chake cha akiolojia mwaka 1985, na kutoka hapo vijana walichimba, wakaandika, wakabishana na walimu wao. Kenya iliwapata kina George Abungu na Chapurukha Kusimba. Kongo, ambayo ardhi yake ndiyo iliyotoa Sanga na Kamilamba, ilibaki nyuma kwa hilo, na si kwa kukosa vichwa. Igor Matonda Sakala alifanya utafiti wake ndani ya KongoKing, mradi ulioongozwa na Koen Bostoen wa Chuo Kikuu cha Ghent kuanzia 2012 hadi 2016, na kuchimba miji ya ufalme wa Kongo upande wa magharibi. Ni kazi nzuri ya karne ya 15 hadi ya 18. Kwa karne ya 6 au ya 9, na kwa mashariki, orodha ya majina ni fupi mno.

Tukiangalia ramani ya maeneo yaliyochimbwa nchini, Kongo ya Kati, mito ya Ikweta, bonde la Upemba, tunaona jambo ambalo halina uhusiano wowote na watu wa kale. Ni ramani ya mahali ambapo mtafiti aliweza kufika, akalala, akarudi salama na masanduku yake. Kijana anayesoma kwamba ustaarabu wa Kongo ulikuwa Upemba, na Kivu ilikuwa msitu mtupu, anasoma historia ya barabara na usalama wa karne ya 20, na kuidhania historia ya karne ya 9.

Hata utupu una namna zake, na upo utupu uliothibitishwa. Kati ya 1977 na 1987 Manfred Eggert, Mjerumani, alipanda mito ya bonde la Kongo kwa mashua akitafuta vigae kwenye kingo, mto baada ya mto. Mwaka 2021 Dirk Seidensticker, Wannes Hubau, Bostoen na wenzao walikusanya vipimo 1,149 vya kaboni 14 kutoka maeneo 726 ya msitu wa Kongo, wakavilinganisha na aina 115 za vyungu. Takwimu zikaonyesha watu wakijaa msituni, kisha kati ya mwaka 400 na 600 wakipungua ghafla, na msitu kukaa karne kadhaa na watu wachache kabla ya kujazwa upya. Sababu haijafungwa. Waandishi walitaja hali ya hewa iliyobadilika, na wakataja ugonjwa, hata tauni, iliyokuwa ikiua Ulaya na Mashariki ya Kati katika karne hiyo ya 6. Msomaji wa Goma, aliyenawa mikono kwa maji ya klorini wakati wa Ebola ya 2018 hadi 2020 na anayejua kwamba tauni bado ipo Ituri, hataiona hoja hiyo kuwa ya ajabu.

Kwa hiyo karne hizo hazikuwa za usingizi. Msitu unapungukiwa na watu. Kusini, Wakamilamba wanaingia Upemba na vyungu vyenye undugu na vya ukanda wa shaba. Mashariki, Urewe inaachia nafasi vyungu vya kamba. Kabusanze, kusini mwa Rwanda, John Giblin na wenzake walichapisha mwaka 2010 kaburi la watu wa Urewe la karibu na mwaka 400, nadra sana kwa aina yake. Kivu iko katikati ya yote hayo, na kutoka Kivu tuna Tshamfu na Bishange.

Ishango haisaidii hapa, ingawa ndiyo jina ambalo kila mtu wa Kivu Kaskazini analitaja kwanza. Mfupa wenye mikato aliouchimbua Jean de Heinzelin mwaka 1950, pale Semliki inapotoka Ziwa Edward, ndani ya Hifadhi ya Virunga, ni wa miaka 20,000 hivi. Umeliteka jicho la dunia, na si ajabu. Lakini fahari ya Ishango imewafanya wengi wadhani kwamba kati ya mvuvi wa enzi ya mawe na Wazungu hapakutokea kitu.

Kazi hii ina upande usiovutia, na ndio mkubwa. Nenquin alichimba 1957 akachapisha 1963. Kazi ya Sanga ya 1958 ilitoka 1971. Ripoti ya de Maret ya 1974 ilitoka 1985, na ile ya 1975 ikatoka 1992, miaka 17 baada ya mwiko kuwekwa chini. Katikati ya hapo mtu anaosha vigae, anaviunganisha, anachora kila chungu nusu kwa nje na nusu kwa ndani, anasubiri majibu ya maabara. De Maret mwenyewe alichimba pia Bas-Zaïre (Kongo ya Kati ya leo), akachimba Shum Laka huko Kamerun, akaongoza mradi mkubwa juu ya watu wa misitu ya tropiki, kisha akawa rekta wa chuo chake kuanzia 2000 hadi 2006. Maisha ya msomi yana mikutano mingi kuliko mashimo.

Fedha nayo ni kikwazo. Kipimo kimoja cha kaboni 14 hugharimu dola mia kadhaa, na tabaka moja linahitaji vipimo vingi ili lisemwe kwa uhakika. Sampuli yenyewe ni kipande cha kaa kisichozidi ukucha. Afrika ina mashine ya kisasa ya kazi hiyo iThemba LABS, Johannesburg, lakini sampuli nyingi bado zinapelekwa Ulaya na Marekani.

Vitu vyenyewe, navyo, vina safari zao. Februari 2022 Ubelgiji iliikabidhi serikali ya Kongo orodha ya vitu vipatavyo 84,000 vilivyoko Tervuren, na mwaka huo huo ikapitisha sheria inayofungua njia ya kurudisha vilivyochukuliwa isivyo halali. Makumbusho ya Taifa ya Kinshasa, yaliyojengwa kwa msaada wa Korea Kusini, yalifunguliwa mwaka 2019. Mabishano yamejaa vinyago na sanamu, kwa sababu vinyago vina soko na vina sura. Sanduku la vigae halimtoi mtu machozi uwanja wa ndege, ila kwa mwanahistoria wa karne ya 9, sanduku hilo ndilo hati pekee.

Tangu Januari 2025, waasi wa M23 walipouteka mji wa Goma, hakuna anayezungumzia kwa uzito kufungua mashimo ya utafiti kwenye vilima vya Masisi. Lakini sehemu kubwa ya kazi haihitaji shimo. Sheria ya Kongo ya Machi 1971 juu ya mali ya utamaduni inamtaka anayegundua kitu cha kale akitangaze kwa mamlaka; mwalimu wa historia anayeandika tarehe, kilima, kina na picha ya kigae kilichotoka kwenye msingi wa darasa amefanya nusu ya utafiti wa awali. Makumbusho ya Tervuren yameweka matoleo yake mengi ya zamani kwenye intaneti bila malipo. Misalaba ya shaba ya Wakabamba, iliyofukuliwa zamani, inapimwa upya: mwaka 2019 Frederik Rademakers, Nicolas Nikis na wenzao walichapisha uchambuzi wa kemia unaofuatilia shaba hiyo ilitoka migodi ipi. De Maret alikuwa amekwisha kuonyesha kwamba misalaba hiyo mwanzoni ilikuwa mikubwa na michache, kisha ikawa midogo, mingi na ya vipimo vilivyolingana, ikiwekwa karibu na mikono na viuno vya maiti, pale mtu anapoweka fedha zake. Hakuna aliyelazimika kufukua kaburi jipya ili kuulizia chimbuko la shaba hiyo. Vigae na matofali ya tanuri ya Tshamfu na Bishange vinaweza kuulizwa maswali ya namna hiyo: udongo ulichimbwa bonde gani, chuma kilitoka jiwe gani, na kishimo kile kwenye kitako cha chungu kiliachwa katika karne ipi.